Ulipozima Kiyoyozi, Kelele Ilinyamaza?

Ardiya, Kuwait
22 Julai 1995

Fundi Khalaf,

Salamu za Mungu zikufikie wewe na watu wa nyumbani kwako. Nilikwenda karakanani kwako Shuwaikh nikakuta mlango umefungwa kwa mnyororo. Jirani yako wa matairi akaniambia umerudi kwenu Mayadin kumwoza binti yako, akaniandikia anwani nyuma ya risiti. Basi hongera kwa harusi, na unisamehe kwamba barua yangu inakuja na msiba.

Mama yangu amefariki, leo siku ya kumi na moja. Unamkumbuka, yule aliyekuwa akikutania kila ukija nyumbani, "Khalaf, wewe unatengeneza magari au unayafuga?" Alifia ndani ya gari, mbele ya zahanati, kwa joto. Mke wangu Lulwa alimpeleka kuchukua dawa za presha. Tangu apooze upande wa kulia mama hakuwa mtu wa kushukashuka, kwa hiyo Lulwa alimwacha ndani kama tufanyavyo sote: injini inanguruma, kiyoyozi kinapuliza, ufunguo mmoja kwenye swichi na wa pili wa kufungia mlango kutoka nje. Mfamasia alikuwa ameenda kuswali adhuhuri na foleni ikasimama. Dakika arobaini. Lulwa aliporudi alikuta gari kimya. Mlinzi wa zahanati akavunja kioo, lakini alikuwa amekwisha chelewa.

Lulwa anaapa kwamba aliliacha likinguruma. Dada yangu Sabika anasema alilizima, kwa sababu mara mbili tatu amemwona akizima kiyoyozi na mama yumo ndani. "Ndiyo mazoea yake," anasema. Mlinzi alichomoa ufunguo na hakumbuki ulikuwa umegeuzwa au la. Boneti hakuna aliyeifungua. Siku ya pili mume wa Sabika akaliburuta gari hadi kwa wauza vyuma chakavu ili tusilione tena uani.

Siku ya tatu ya matanga, mbele ya ndugu wote, Sabika akapiga yowe, "Unalala na aliyemuua mama!" Nikatamka talaka. Moja. Lulwa yuko Jahra kwa baba yake, anakaa eda. Eda ikiisha sijamrejea, basi, ndiyo mwisho wetu.

Ndiyo maana nakuuliza wewe. Gari lile lilikuwa na kelele mbele, upande wa kompresa ya kiyoyozi. Nilikuletea wiki moja kabla, ukalitengeneza, kelele ikaisha na haikurudi tena. Je, gari lililopona vile linaweza kuzimika lenyewe? Niambie linaweza, nimrudishe mke wangu. Niambie haliwezi, nijue miaka saba nimeishi na nani. Siwezi kula, Fundi.

Mishari Barrak


Mayadin
9 Agosti 1995

Mwanangu Mishari,

Mungu amrehemu mama yako, amweke mahali penye kivuli. Nimeisoma barua yako mara tatu, ya tatu nimeketi chini. Yeye ndiye mteja pekee aliyewahi kunitukana na kunilisha siku hiyohiyo. Kila nikimaliza kazi kwenu alinitumia sinia la wali na samaki na ujumbe juu yake: "Kula, labda utapata nguvu za kukaza skrubu."

Umeniuliza jambo zito na mimi niko mbali, gari silioni. Kelele za kiyoyozi ni nyingi. Ukisikia kitu kama jani kavu linachapwa, ni takataka kwenye feni ya ndani. Kama mtu anapumua kwa meno, gesi inapungua. Ikilia kama paka asubuhi tu, kisha ikatulia, mkanda umelegea. Hizo zote haziui mtu.

Ila ikiwa ni ya kusaga, kama jiwe linasaga ngano, hapo fundi yeyote atakuuliza swali moja kabla hajashika spana: ulipozima kiyoyozi, kelele ilinyamaza? Ikiwa ilinyamaza, ubovu umo ndani ya kompresa yenyewe. Itakufa, mtatoka jasho, lakini injini itaendelea. Ikiwa haikunyamaza, ni beringi ya puli ya kompresa, maana puli, lile gurudumu dogo la mbele yake, inazungushwa na mkanda wakati wote, kiyoyozi kiwe kimewashwa au kimezimwa. Beringi hiyo ikikwama, mkanda unakatika. Na gari lenu lilikuwa la mkanda mmoja unaozungusha kila kitu, hata pampu ya maji. Mkanda ukikatika hakuna baridi, na kwa joto la Julai injini inachemka na kuzimika kabla hujamaliza sigara. Mtu aliyeko mbali atadhani imezimwa kwa ufunguo.

Kuhusu siku ile uliyoniletea, sikumbuki vizuri. Mwezi wa sita na wa saba karakana inajaa kama sokoni. Nadhani niliukaza mkanda tu. Basi nieleze wewe kelele ilivyoanza na ilivyokwenda, nami nitakwambia ninachokiweza.

Khalaf Hamad, fundi wako


Ardiya
23 Agosti 1995

Fundi Khalaf,

Nashukuru umejibu. Huku hakuna anayenijibu kitu, wananiambia nisubiri tu.

Ilianza mwezi wa tano. Kilio chembamba asubuhi, mama akakiita bibi harusi. "Mpe muda, anaona aibu," alikuwa akisema. Mwezi wa sita kikageuka kuwa mngurumo, ule wa kusaga unaousema, na mama akaacha mzaha wa bibi harusi. "Mishari, umenifungia ngamia huko mbele?" Ikafika mahali hasikii redio yake, na bila redio yake hakuna aliyekaa kwa amani ndani ya gari lile. Ndipo nikakuletea.

Swali lako siwezi kulijibu. Ulipozima kiyoyozi! Fundi, nani Kuwait anazima kiyoyozi mwezi wa sita? Mimi sijakizima hata mara moja. Aliyekuwa akikizima ni Lulwa, kwa sababu baridi ilikuwa ikiuma upande wa mama uliopooza. Akizima, anamfunika shela, anangoja kidogo, anawasha tena. Hicho ndicho Sabika alichokiona, na sasa ndicho anachomhukumia.

Nimwulize yeye? Siwezi. Nitamwambia nini? Nilimtamkia talaka mbele ya watu thelathini, leo niende nimwulize habari za puli? Sabika akisikia nimekanyaga Jahra ataondoka nyumbani na wanawe wote, na ataondoka akilia jina la mama barabarani. Jana aliniletea chakula akanitazama sili. "Unamlilia nani," akasema, "mama au yule?" Nami mwenyewe sijui.

Unauliza ilivyokwenda baada ya wewe kulitengeneza. Ilikuwa kimya. Mama alifurahi. Kelele haikurudi, nimekwisha kukwambia.

Wewe masikio yako yamesikia magari miaka thelathini. Huwezi kuamua kwa haya niliyokuandikia? Lazima umwingize Lulwa?

Mishari


Mayadin
11 Septemba 1995

Mwanangu Mishari,

Muulize mkeo.

Nimeikalia barua yako siku tano nikitafuta njia nyingine na sikuipata. Kusaga peke yake hakutoshi. Aliyekuwa na mkono kwenye swichi ndiye anayejua. Ni maneno manne tu: ulipozima kiyoyozi, kelele ilinyamaza? Huna haja ya kuingia ndani wala kunywa kahawa yao. Mwandikie kwenye kipande cha karatasi, mpe nduguye.

Hesabu siku zake, mwanangu. Julai, Agosti, Septemba. Barua zetu zinachukua siku kumi, pengine wiki mbili, kila upande, na eda haingoji posta. Jibu lake litakufaa kuliko langu, nakwambia kama baba. Nenda leo hiihii.

Khalaf


Ardiya
26 Septemba 1995

Fundi,

Nilikwenda. Karatasi iko mfukoni, maneno manne kama ulivyosema. Nikasimama mbele ya nyumba ya baba yake Jahra, injini inanguruma, kiyoyozi kinapuliza, na mkono ukakataa kugeuza ufunguo. Nilikaa hivyo saa nzima. Sijazima gari hili jipya tangu nilinunue ila kwa kufumba macho.

Akatoka Jasim, kaka yake. Akagonga kioo.

"Umekuja kumrejea au kumhoji?"

Nilikuwa nimeitoa karatasi mfukoni, nimeishika mkononi na yeye ameiona.

"Nimekuuliza, bwana. Kumrejea au kumhoji?"

"Nina swali moja tu," nikasema.

"Basi geuza gari. Maswali aliyoulizwa kwenu yanamtosha."

Nikageuza. Njiani nikajiambia nitarudi kesho, na kesho yake nikasema hivyohivyo. Sabika ameshanitafutia msichana, amenionyesha picha kwenye bahasha kama muuza vitambaa. Nikamwambia toa hiyo bahasha mbele yangu. Akalia. Nyumbani kwetu sasa kila mtu analia, ila hakuna anayemfuta mwenzake machozi.

Fundi, ungekuwa jirani ningekushika kanzu. Najua kuna kitu hunitajii, kwa sababu unaandika kama mtu anayetembea juu ya vigae vya moto. Nakusihi kwa binti yako uliyemwoza. Niambie tu.

Mishari


Mayadin
6 Oktoba 1995

Mishari,

Barua hii nimempa Hawwas, kijana wa hapa anayerudi kazini Kuwait kwa basi, maana posta siiamini na mimi mwenyewe sijiamini. Ndani ya kitambaa kuna chuma. Soma kwanza, kisha kifungue.

Sina binti wa kuoza. Binti yangu ana miaka tisa.

Siku uliyoniletea gari niliwasha nikasikiliza. Nikazima kiyoyozi, kelele ikaendelea vilevile. Nikazima injini, nikazungusha puli kwa mkono, ikasaga hadi nikaisikia kwenye meno. Sikuhitaji zaidi. Nikakwambia beringi imekwisha, niachie siku mbili. Ukasema siku mbili huna, mama ana zahanati na ana dada zake wa kutembelea. "Ninyamazishie tu, Fundi, asikie redio yake, mwisho wa mwezi nitakuachia." Nikaishindilia grisi nzito mpaka ikanyamaza. Ni ujanja wa zamani, tunaufanya sote mteja akikazana, nami siku ile nilitaka kwenda kula.

Je, nilikwambia usiliache limesimama na mtu ndani? Wallahi, tangu mwezi wa saba najaribu kukumbuka. Kuna siku naona ulicheka ukasema, "Nani ataliacha?" Kuna siku naona nilifikiri tu kulisema, kisha mteja mwingine akapiga honi. Ukikumbuka wewe, uniambie.

Habari za mama yako nilizipata kwa yule jirani wa matairi jioni ya siku ileile aliyofariki. Siku gari lilipofika kwa wauza chuma nilikwenda na spana zangu. Nilifungua boneti. Mkanda ulikuwa nyuzi nyuzi, puli imekwama, chuma kimegeuka buluu kwa moto. Ufunguo haukuhusika na lolote. Mkeo hakuzima gari. Nikaing'oa beringi ili asiione mwingine, nikaitia mfukoni, nikaenda kukata tiketi ya basi.

Nilikusukuma umwulize yeye ili upate ukweli bila mimi kuusema. Huo ndio uanaume wangu. Na neno moja zaidi: umeniandikia mara mbili kwamba kelele haikurudi. Grisi ile haidumu wiki. Lazima ilirudi, ila labda wewe hukuwemo garini.

Nenda Jahra. Mpe mkeo hiyo beringi mkononi. Mkitaka kunishitaki, mimi nipo hapa, sitahama tena.

Khalaf


Ardiya
20 Oktoba 1995

Lulwa, mke wangu,

Nampa Jasim barua hii, na barua ya Fundi Khalaf, na beringi yenyewe. Imenifikia jana. Soma, uone kwa macho yako. Hukufanya kosa lolote. Ni yule mtu, alitudanganya sote na akakimbia.

Nitamwambia Sabika mbele ya watu walewale thelathini. Nitamleta akubusu kichwa. Chumba chako kiko kama ulivyokiacha, hata kitana chako sijakisogeza. Kama eda imepita tutafunga ndoa upya, kadhi yuko karibu, mahari taja wewe. Sema tu saa ngapi nije nikuchukue.

Mishari wako


Jahra
22 Oktoba 1995

Mishari,

Jasim ameniletea barua mbili na kile chuma. Nimezisoma.

Eda yangu iliisha Jumatano, tarehe kumi na moja. Siku ile nilikaa karibu na dirisha, abaya begani, tangu asubuhi hadi magharibi. Mama yangu akaniletea chai mara tatu akaiondoa mara tatu. Ungekuja siku ile ningekwenda nawe, nakwambia ujue. Nilikuona pia siku uliyokaa garini saa nzima. Nilikuwa nyuma ya pazia, nikisema moyoni, shuka, Mishari, shuka tu.

Swali la Fundi nitalijibu, kwa sababu naona yeye alitaka niulizwe. Kelele haikunyamaza. Mama yako ndiye aliyegundua. "Lulwa, zima hicho, bega linauma." Nikazima. "Mbona ngamia bado analia?" Tukacheka, na nilipofika nyumbani nikakueleza, nawe ukacheka pia. Ungeniuliza, ningekujibu.

Sasa nakukumbusha lile ambalo hukumwandikia Fundi. Umemwandikia mara mbili kwamba haikurudi. Ilirudi. Jumatatu jioni, siku moja kabla, ulikuwa mbele ya kioo unaweka sawa kilemba uende barazani kwa wenzako. Nikasema, "Mishari, ngamia amerudi, na safari hii kuna harufu ya mpira unaoungua." Ukasema, "Ongeza redio, mwanamke. Alhamisi nitamwona Fundi." Nikasema, "Basi kesho nisimpeleke?" Ukasema, "Dawa zimekwisha, utampeleka kwa punda?" Na ukaenda.

Niliongeza redio. Hilo ni langu, nitakufa nalo. Mama aliimba njia nzima.

Siku ile ya tatu Sabika aliponishika mabega na kunipigia kelele, "Ulilizima? Sema, ulilizima?" ningeweza kusema maneno machache tu: mwulizeni kaka yenu nilimwambia nini Jumatatu. Nilikutazama mlangoni. Ulikuwa unatazama zulia. Nikawaza, mtu huyu amempoteza mama yake, nikimtwisha na hili hatalala tena. Nikanyamaza, nikaacha wanipige kwa maneno yao, nikidhani unajua ninachokufichia. Kisha ukatamka.

Miezi mitatu ulimwandikia mtu wa Mayadin akwambie kama mkeo ni mwongo. Nimekutafutia udhuru usiku na mchana, Mishari, na nimechoka kukutafutia. Usije, wala usimtume kadhi. Sabika sitamwambia la Jumatatu. Ukitaka ajue, mwambie wewe.

Chuma nakurudishia, ni chenu na Fundi. Lile shela la mama, la kumfunikia upande wa baridi, nililitoa garini siku ile kabla mlinzi hajafunga mlango. Hilo silirudishi.

Lulwa Fahad